Yule mzee mzungu pale kwa kinyozi ni nani?

SWALI: Habari za kazi kaka mhariri. Juzi usiku tulikuwa kibanda umiza hapa Mikindani tunaangalia Coming to America, ile ya mtoto wa mfalme wa Afrika anaenda New York kutafuta mke, sasa jamaa mmoja akasema yule mzee mzungu anayebishana mambo ya ndondi pale kwa kinyozi ni Eddie Murphy mwenyewe. Nikakataa katakata, tukawekeana kreti la soda. Nani kashinda? Na huyu Eddie ni vichekesho tu au mengine anayaweza? – Msomaji, Mikindani, Mtwara

JIBU: Pole ndugu yangu, kreti limeondoka hilo. Yule mzee Saul ni Eddie. Kinyozi Clarence anayebishana naye ni Eddie, mwimbaji Randy Watson ni Eddie, ongeza na Akeem, yule mtoto wa mfalme mwenyewe, wanakuwa wanne, na hiyo ni muvi ya 1988, sura zile ni mekapu ya fundi anaitwa Rick Baker.

Ila mekapu haitoshi, na sisi watu wa kusini hili tunalijua. Si umeona mapiko, ile ngoma ya vinyago ya Wamakonde, yakichezwa? Mtu kafunikwa mwili mzima, kavaa kinyago cha bibi kizee, lakini kama hajui kutembea kibibi kile kinyago kinabaki mti tu. Irudieni hiyo muvi, angalia Saul anavyovuta maneno halafu mwangalie Clarence, utaapa ni watu wawili waliozaliwa mitaa tofauti kabisa.

Eddie kazaliwa Brooklyn, New York, tarehe 3 Aprili 1961. Baba yake kafariki yeye ana miaka 8, mama naye akaugua, Eddie na kaka yake Charlie wakalelewa na watu baki kama mwaka hivi. Hapo mimi huwa naumia, na huwa nawaza labda ndo alikojifunza kusoma sura za watu, maana mtoto akiwa kwa watu lazima ajue mapema nani leo kanuna. Mwaka 1980, ana miaka 19 tu, akaingia Saturday Night Live, kipindi cha vichekesho cha TV, humo akawa anawaiga waimbaji, anamwiga James Brown, anamwiga Stevie Wonder. 1982 akatoka na muvi ya 48 Hrs., 1984 Beverly Hills Cop, basi dunia nzima ikamjua.

Mkimaliza tafuteni The Nutty Professor ya 1996, humo kaigiza watu 7. Kuna sehemu familia inakula mezani, baba, mama, bibi, kaka na profesa mwenyewe, wote yeye, kila mmoja anarekodiwa peke yake ndo wanaunganishwa, na bado wanakatizana maneno kama familia ya kweli! Mekapu ya humo ilibeba tuzo ya Oscar.

Kuhusu siriasi, anaweza sana. Dreamgirls ya 2006 kacheza mwimbaji ambaye enzi zake zinapita, akachukua tuzo ya Golden Globe na akagombea Oscar, hakuipata na mimi mpaka leo naona alistahili. Halafu yule punda wa Shrek, 2001, sauti ni yake. Pale hana mekapu, hana mwendo, ana koo tu, na watoto wanamjua punda yule kama jirani yao.