Mhalifu na "halafu" ni wa ukoo mmoja

Mmeuliza wiki hii ni neno gani la kuvunja sheria ambalo wasomaji tungependa lichimbuliwe mzizi wake. Mimi nachagua mhalifu, kwa kuwa linaniuma namna linavyorushiwa watu siku hizi.

Asili yake ni Kiarabu, mzizi wa kh-l-f, wenye maana ya nyuma au kufuatia. Humo ndimo tulimopata halafu, na khalifa, yule anayekuja nyuma ya mwenziwe na kushika nafasi yake. Mzizi huohuo ukazaa pia maana ya kwenda kinyume: ndiyo hitilafu, na ndiyo kuhalifu, yaani kupewa amri ukaiacha. Aya ya 9 ya Surat Aal Imran inasema Mwenyezi Mungu havunji miadi, na kitenzi kilichotumika pale, yukhlifu, ni cha ukoo huu.

Pwani wazee bado wanalitumia hivyo. "Usimkhalifu mama yako," mtoto huambiwa, na kosa lenyewe ni kutumwa chumvi dukani akaenda kucheza mpira. Hakuna anayewaza pingu. Oman nako, ukipita taa nyekundu, faini unayoandikiwa huitwa mukhalafa. Unalipa, unaendelea na safari yako.

Kwetu neno limepanda daraja. Uhalifu sasa ni wizi wa kutumia silaha, ni mauaji, ni jinai. Sina ugomvi na hilo, maneno hukua. Ugomvi wangu ni pale kijana anapokamatwa usiku, asubuhi picha yake iko gazetini, amechuchumaa chini mbele ya kamera, na juu yake maandishi makubwa: "Wahalifu watiwa mbaroni." Nani amethibitisha? Kesi haijatajwa hata mara moja. Jirani akishalisoma neno lile, hata mahakama ikimwachia huru kijana, mtaani habaki na jina jingine.

Katiba ya Tanzania, Ibara ya 13(6)(b), inakataza aliyeshtakiwa kwa jinai kutendewa kama mwenye kosa mpaka ithibitike kwamba ametenda. Neno tunalo, tena si geni: mtuhumiwa, au mshukiwa kama wanavyosema Kenya. Wahariri, ninyi pamoja nao, naomba mlitumie hilo hadi hakimu amalize kazi yake.