Miaka ya Kiti cha Kulia: Kwa Mnaoanza Urubani

Wadogo zangu, kila kundi jipya la wanafunzi huja na mwaka mmoja mdomoni: 2014, Irene Koki Mutungi alipokuwa mwanamke wa kwanza Mwafrika kuwa kapteni wa Boeing 787 Dreamliner. Mimi nawaomba mshike 1995. Huo ndio mwaka Kenya Airways ilipomwajiri, na hakuna mwanamke aliyewahi kuwa rubani katika shirika hilo kabla yake. Ukapteni aliupata 2004. Miaka tisa, basi, katika kiti cha kulia, kiti cha rubani msaidizi. Na kwa takriban miaka sita ya mwanzo alikuwa mwanamke peke yake kati ya marubani wote pale kazini.

Nakazia miaka hiyo kwa sababu humo ndimo nimeona wenzangu wengi wakikata tamaa. Leseni ya rubani binafsi huhitaji saa 40 hivi za kuruka. Ya biashara, kama 200. Ya juu kabisa, ambayo kapteni wa ndege kubwa ya abiria lazima awe nayo, ni saa 1,500. Katikati hapo hakuna anayekupigia makofi. Unasoma orodha ya ukaguzi, unaongea na mnara wa kuongoza ndege, unahesabu mafuta, kesho unarudia.

Koki alianzia Uwanja wa Wilson, Nairobi, kisha akaenda Oklahoma, Marekani, kutafuta leseni ya biashara. Baba yake alikuwa rubani, naam, na kukua karibu na ndege ni bahati. Lakini mtihani wa hali ya hewa haufanyiwi na mzazi.

Nami nilianzia Wilson. Asubuhi moja nilikuwa na haraka, nikachota mafuta ya kukagua upande mmoja wa bawa nikaona yanatosha. Mwalimu wangu hakusema neno, alininyoshea kikombe tu. Nikaenda upande wa pili. Mafuta ya ndege ndogo ni ya buluu, na chini ya buluu ile kulikuwa na tone la maji limetulia kama shanga. Maji ni mazito kuliko mafuta, hukaa chini ya tangi, mahali hasa injini inapovuta. Tangi lililoachwa likiwa nusu tupu usiku wa baridi hutoa maji yake lenyewe. Nilichota mara nne hadi kikombe kikawa safi, mikono ikitetemeka. Tangu siku hiyo sijawahi kuacha upande hata mmoja bila kuukagua.

Jingine la Wilson: uwanja uko zaidi ya futi 5,500 juu ya usawa wa bahari. Mchana wa jua kali hewa huwa nyepesi, injini hupungua nguvu, mabawa nayo hushika kidogo. Cessna, ndege ndogo ya mafunzo, iliyoinuka vizuri saa moja asubuhi itakula njia ndefu zaidi saa nane mchana ikiwa na watu wanne. Fanyeni hesabu upya kila safari, kwa kalamu. Usiseme jana iliruka.

Kabla ya kulipa karo, nendeni mkapimwe afya ya daraja la kwanza, kipimo cha marubani wa biashara. Nimemwona kijana aliyeuza shamba la familia kisha akagundua macho yake hayakidhi masharti. Inauma hadi leo. Na mnaokwenda kusoma nje, ulizeni KCAA, mamlaka ya usafiri wa anga Kenya, mapema jinsi ya kubadilisha leseni mkirudi, maana kuna mitihani ya hapa inayowasubiri.

Wasichana, mtaulizwa na abiria chai italetwa lini. Nimeulizwa, nikiwa na sare na mistari begani. Jibu kwa heshima, mwite mhudumu, kisha urudi kwenye mahesabu yako, kwa sababu kosa lako litakumbukwa kuliko la mwenzako wa kiume. Si haki, nami nalisema wazi kila ninapopata nafasi mbele ya wakubwa.

Msidhani pia kwamba kiti cha kushoto, kiti cha kapteni, kinamaliza masomo. Koki alihama kutoka 737 hadi 767 hadi 787, na kila aina ya ndege ina darasa lake, simuleta yake (mashine ya kuigiza urukaji) na mtihani wake. Hata kapteni mkongwe hurudishwa kwenye simuleta kupimwa: injini moja inazimwa wakati wa kupaa, moshi unajaa, na mkaguzi amekaa nyuma kimya akiandika.