Maswali ya Wasomaji: Laxton, Kijiji cha Ngwe Zisizo na Ua

SWALI: Nimesikia kuna kijiji Uingereza ambako wakulima bado wanagawana ngwe ndani ya shamba moja kubwa, bila ua wala seng'enge. Hawamegeani mipaka? (Msomaji, Njombe)

JIBU: Kijiji ni Laxton, Nottinghamshire. Kishawishi cha kummegea jirani kipo kama popote pale. Ndiyo maana kuna wakaguzi na faini.

Mashamba ni matatu: West Field, Mill Field na South Field. Kila moja huzunguka miaka mitatu. Mwaka wa kwanza ni ngano inayopandwa kabla ya baridi. Wa pili ni mazao ya baada ya baridi, kama shayiri au maharage. Wa tatu shamba hulazwa au huachiwa majani ya mifugo. Mkulima huwa na ngwe katika mashamba yote matatu, kwa sababu mwenye ngwe zote upande mmoja angekosa ngano miaka miwili kati ya mitatu.

Mwishoni mwa Novemba, ngano ikishaota, jopo la wakulima hulipitia shamba la ngano. Hutafuta vigingi vya mipaka na kupigilia vipya vilikopotea. Kosa linalotafutwa ni plau iliyopitiliza: mfuo ulioingia kwa jirani, kwenye njia ya matrekta, au kwenye vipande vya majani vya mabondeni ambavyo ni marufuku kulima. Plau humega kidogo kidogo, na asipopita mtu kukagua, baada ya misimu michache njia imekwisha.

Wiki inayofuata mahakama ya kijiji, Court Leet, hukaa katika baa ya Dovecote Inn. Waliokosea hutozwa faini, na jopo la mwaka unaofuata huapishwa. Faini ni ndogo; kinachouma, kwa maoni yetu, ni kusomwa jina mbele ya majirani.

SWALI: Kwa nini vijiji vingine viliacha utaratibu huu? (Msomaji, Eldoret)

JIBU: Hasa katika karne ya 18 na ya 19, Bunge lilipitisha sheria za kijiji kimoja kimoja, ngwe zikaunganishwa na kuzungushiwa ua. Laxton nayo ilipoteza sehemu ya mashamba yake, na zilizobaki si ngwe za zamani. Ramani ya mpima ardhi Mark Pierce ya 1635, iliyohifadhiwa Oxford, inaonyesha ngwe zaidi ya 2,000. Mwanzoni mwa karne ya 20 zilipunguzwa zikawa chache na pana. Serikali ilinunua ardhi hiyo 1952, na tangu 2020 iko mikononi mwa Thoresby Estate, milki binafsi ya ardhi.

SWALI: Nasoma Nottingham. Yale matuta marefu ya kale ya ngwe za Laxton nitayaona wapi? (Msomaji, Uingereza)

JIBU: Usiyatafute kwenye ngano. Plau ya zamani iligeuza udongo upande mmoja tu, hivyo mkulima akizunguka ngwe yake aliusukuma katikati mwaka hadi mwaka. Tuta likainuka, na mfereji wa pembeni ukatoa maji, jambo la lazima kwenye mfinyanzi mzito kama wa pale. Plau za sasa hugeuza pande zote mbili na kusawazisha. Matuta yamesalia kwenye malisho yasiyoguswa na plau. Nenda asubuhi na mapema au jioni, jua likiwa chini, kwani adhuhuri hayaonekani vizuri. Vaa buti.