Unayeshika besi, mfuatilie John Deacon

Vijana wanaojifunza gitaa la besi huniuliza swali lilelile: nifanyeje nami nionekane? Wanauliza kwa sababu hali wameshaijua. Mwimbaji ana mashabiki, mpiga solo anatunzwa, na mpiga besi anakumbukwa siku asipofika. Nimepiga hotelini, harusini na kanisani, na jibu langu halijabadilika: wasikilize Queen, bendi ya roki ya Uingereza, lakini safari hii mwache Freddie, mwimbaji wao, mfuate mtu wa besi.

Kwetu Queen ni Freddie Mercury, na si ajabu, maana kazaliwa Unguja mwaka 1946. Wachache wanamjua John Deacon wa Leicester, Uingereza, aliyeingia kwenye bendi mwaka 1971 akiwa na miaka 19, baada ya wapiga besi wengine kupita na kuondoka. Alikuwa mkimya. Kwenye albamu ya kwanza, mwaka 1973, wenzake walimwandika kwa jina lililogeuzwa, Deacon John. Wewe ungenuna. Yeye alibaki, na bendi ikamtegemea kwa mambo ambayo mtu wa mbele ya jukwaa hayaoni.

La kwanza ni umeme. Deacon alisomea elektroniki Chelsea College, London, akafaulu daraja la kwanza. Aliokota saketi iliyotupwa kwenye taka za mtaani, akaifunga kwenye kasha la spika na kuiendesha kwa betri. Kiamplifaya hicho Brian May, mpiga gitaa wa Queen, akakitumia miaka na miaka kurekodi gitaa lake. Sikuambii ukaokote taka. Nakuambia ujue kuchomelea waya wako, ujue kwa nini spika inavuma na jeki inakatika. Bendi zetu nyingi hazina fundi wa kudumu, na atakayezima mvumo huo saa tatu usiku, bibi harusi akiwa mlangoni, hafukuzwi ovyo.

Halafu kuna kupiga kwenyewe, na hapa nitakaa kidogo. Sikiliza "Another One Bites the Dust", wimbo wake uliofika namba moja Marekani mwaka 1980. Ala nyingi mle alizipiga mwenyewe. Sasa hesabu noti za besi mwanzoni: chache, tena zinarudiwa, kisha pengo. Watu wanacheza kwenye lile pengo. Vijana wetu wakishaweza sebene wanajaza kila upenyo, na mpiga dramu naye anajaza, mwisho mnakuwa watu wawili mnaosema kwa pamoja. Mwite mpiga dramu wako mfanye mazoezi wawili tu, gitaa na kinanda wasiwepo. Sikiliza ngoma yake kubwa ya mguu, ukae juu yake. Mkiweza kupiga mzunguko mmoja kwa muda mrefu bila kuongeza mwendo, na bila mmoja wenu kuona haya kwamba hafanyi kitu, mko tayari kwa ukumbi. Ukumbi wa bati, hasa, haukusamehe noti nyingi. Zote zinarudi zikiwa uji.

Tunga pia. Deacon hakuwa mwimbaji, lakini hilo halikumzuia. "You're My Best Friend" ya mwaka 1975 alimtungia mkewe, na kinanda cha umeme mle alipiga yeye, ingawa Freddie hakukipenda chombo kile. "I Want to Break Free" ya mwaka 1984 ni yake vilevile. Alipeleka wimbo, wenye sauti wakauimba, na fungu la mtunzi likawa lake.

Hilo fungu ndilo linalovunja bendi. Queen wenyewe waligombana juu ya nani kaandikwa mtunzi, hadi kwenye albamu ya mwaka 1989 wakaamua kila wimbo uandikwe kwa jina la bendi nzima. Kwetu mwenye maneno ndiye mtunzi, na besi ambayo mtaa mzima unaiimba kwa mdomo haimo kwenye karatasi. Basi kaeni kabla ya kuingia studio, siyo baada. Andikeni kila mmoja ana sehemu gani, mtie saini, mkasajili wimbo ofisi ya hakimiliki. Atakayekuona mchoyo leo, mwache akuone.

Na rekodi kila kitu kwa simu. Mwaka 1981 kule Montreux, Queen wakiwa studio na mwimbaji David Bowie, Deacon alipata mlio wa besi wa "Under Pressure", wakaenda kula, aliporudi kausahau. Roger Taylor, mpiga dramu wao, ndiye aliyemkumbusha. Mlio huohuo rapa Vanilla Ice aliuchukua mwaka 1990 bila kuwataja wenyewe, na mwisho akalazimika kulipa. Fikiria ungepotelea kwenye chakula cha jioni.

Freddie alifariki Novemba 1991. Deacon alipanda jukwaani mara chache tu baada ya hapo, mara ya mwisho Paris, Januari 1997, Elton John akiimba. Kisha akarudi nyumbani kwake. Hata Queen walipotunukiwa heshima kubwa ya muziki wa roki huko Marekani mwaka 2001, hakwenda. May na Taylor wanaendelea na waimbaji wengine, yeye hayumo, na nyimbo zake bado zinamlipa. Wapo wanaomlaumu. Mimi namwonea wivu, maana wapigaji wengi ninaowajua hawawezi kuacha, wakiacha hawali.

Kwa wanaouliza kama wanunue besi ya nyuzi tano: kwa kwaya na sebene itakufaa, sauti ile ya chini inasikika vizuri. Deacon miaka mingi alishika Fender Precision ya nyuzi nne. Kama fedha ni ya moja tu, nunua ya nyuzi nne, na chenji ununulie waya mzuri na vizibo vya masikio.