Gemu ya Misri ya kale inafundisha, lakini kaa na mtoto hapo kando

Wazazi wenzangu wengi wananiuliza kama hii gemu ya Misri ya kale inamsaidia mtoto kweli ama ni njia tu ya kukwepa kitabu, na mimi nawaambia inasaidia, tena sana, bora usimwachie mashine uende zako jikoni. Naongelea Discovery Tour ya kampuni ya gemu ya Ubisoft, ile ya Misri, na tafadhali usiichanganye na Assassin's Creed Origins. Origins ilitoka 2017 na ni ya watu wazima, kuchinjana mwanzo mwisho, mtoto wa shule hana kazi nayo. Discovery Tour ilikuja Februari 2018, Misri ni ileile ya siku za malkia Cleopatra, na Alexandria yake na jangwa na Mto Nile na piramidi za Giza, ila vita vyote vimetolewa, sasa unazunguka tu unavyotaka, halafu kuna ziara 75 za kuongozwa ambapo sauti inakueleza kile kilicho mbele yako.

Mambo ya mashine niyapitie haraka. Inataka kompyuta yenye kadi ya grafiksi ya maana, na hizi laptopu za eksi-UK tunazonunua huku tao nyingi hazina, so uliza kabla hujatoa pesa. Kuidaunlodi ni makumi ya gigabaiti, usithubutu na bando za simu, tafuta mtu mwenye waifai nzuri. Kulipia si shida siku hizi, ile kadi ya Visa ya M-Pesa ambayo inaishi kwa simu inatosha. Na Kiswahili hakuna humo ndani, so kama mtoto ni mdogo jipange kumsimulia.

Sasa tuje kwa kitu chenyewe. Nyumbani kwangu kuna swali moja ambalo naliuliza kila ziara, gemu inasimamishwa kwanza halafu namuuliza binti yangu, hawa watu wamejuaje? Si ati nani alijenga au mwaka gani, hayo atayasoma kwa kitabu cha Sosho na atayasahau baada ya mtihani. Wamejuaje. Kuna mtu amekuta maandishi, ama mifupa, ama jengo lenyewe bado limesimama, ama ni mtu amekaa chini akakisia? Mtoto akishazoea hilo swali hata wewe atakusumbua nalo, na hiyo ndiyo raha yake.

Chukua piramidi ya farao Khufu, ile kubwa ya Giza. Ilipokuwa mpya ilikuwa na urefu wa karibu mita 146, yaani ungeiweka hapo Nairobi, Haile Selassie Avenue, ingepita jengo la Times Tower kidogo, na ilijengwa miaka kama 4,500 iliyopita. Mtoto akisikia hivyo anauliza mara moja, waliinua mawe vipi? Kwenye hii dunia ya gemu ukiingia ndani ya piramidi utakuta njia na vyumba vya siri ambavyo hakuna mtu ameshawahi kuvifikia, wameviweka kwa kufuata dhana ya msanifu majengo Mfaransa, Jean-Pierre Houdin, anayesema kulikuwa na njia ya kupandishia mawe ndani kwa ndani. Ni dhana nzuri na haijathibitishwa. Usipokuwa hapo kumwambia, mtoto ataenda shule aape kwamba ameviona hivyo vyumba kwa macho yake, na kweli ameviona!

Halafu mwonyeshe upande wa pili, kitu ambacho ushahidi wake upo. Mwaka 2013 wanaakiolojia walikuta mafunjo (yale makaratasi ya kale ya matete) yenye maandishi huko Wadi al-Jarf, pwani ya Bahari ya Shamu, ya wakati wa Khufu mwenyewe, na baadhi yake ni kumbukumbu za kazi za afisa mmoja anaitwa Merer. Jamaa alikuwa na kikosi cha watu kama 40, anaandika leo tumepakia mawe ya chokaa kule kwa machimbo ya Tura, leo tumelala njiani, leo tumefika Giza, ni kama kitabu cha fomani wa mjengo. Mimi nilimsomea binti yangu hiyo habari akanyamaza, akasema, "Mama, kwa hivyo huyu alikuwa kazini tu?" Ndio, kazini. Na karibu na piramidi wamefukua makazi ya wajenzi, na sehemu za kuoka mikate, na makaburi yao waliyozikwa kwa heshima, so ile stori ya watumwa maelfu wakichapwa viboko ambayo sisi wengi tulikua nayo inaanza kuyumba mbele ya mtoto wa miaka kumi na mmoja.

Kuna sehemu nyingine usiiruke, ni ya shule. Darasani utaona wasichana na wavulana wamekaa pamoja, na waliotengeneza gemu wanakueleza wazi humohumo kwamba huo ni uamuzi wao, kwamba wakati ule wasichana hawakuwa wanasoma hivyo. Binti yangu alikasirika kabisa, akataka kujua yeye angekuwa anafanya nini hiyo saa. Tuliongea mpaka chakula kikapoa. Hapo ndipo mimi naipenda hii kitu, manake inakubali kusema hapa tumebadilisha, na mtoto anajifunza kwamba hata picha inayopendeza kuna mtu aliichagua.

Miaka nayo mchoreeni kwa karatasi, iwe ndefu, muibandike ukutani. Watoto wanadhani Cleopatra aliziona piramidi zikijengwa, na kumbe alikufa mwaka 30 kabla ya Kristo, piramidi zilikuwa na miaka zaidi ya 2,400, yaani yeye yuko karibu na sisi kuliko alivyo karibu na Khufu. Kwa karatasi hiyo inaonekana vizuri kuliko kwa maneno.

Na Jumamosi moja mpeleke makumbusho ya taifa pale Museum Hill, kwa sababu sitaki mtoto aamini ya kale yote ni ya Misri. Mwonyeshe mifupa ya yule kijana wa Turkana aliyeishi miaka kama milioni moja na nusu iliyopita, kisha umwambie aliyeona kile kipande cha kwanza cha mfupa kule Nariokotome mwaka 1984 ni Mkenya, Kamoya Kimeu, alikitambua kidogo hivi kati ya kokoto. Halafu nyamaza, subiri alete lile swali mwenyewe. Wangu alilileta kabla hatujafika kwa chumba kingine, na yule mhudumu wa pale alimjibu kwa subira sana, Mungu ambariki.

Ikishapendwa ya Misri kuna ya Ugiriki pia, ya 2019, hiyo mwisho wa ziara inakuuliza maswali. Anza na Misri lakini, ziara moja kwa jioni inatosha, na homuweki iwe imeisha.