Sina Shule London, Mdogo Wangu

Mdogo wangu, umeniandikia kwamba huko Nakuru watu wanasema dada yako ameacha jukwaa na kufungua shule yake ya baleti London, na kwamba, kwa kuwa mambo yangu yamenyooka, nimchukue binti yako nimfundishe mwenyewe, kisha nimalizie paa la nyumba ya mama. Aliyeeneza habari hiyo aliiona picha yangu nikiwa mbele ya watoto wenye sare, mengine akajitungia. Ukumbi ule ni wa kanisa. Madarasa ni ya mama mwingine, nami hulipwa saa nilizofundisha tu. Zile dakika za Jumamosi asubuhi ninazosogeza viti na kupiga deki palipomwagika bia ya sherehe ya usiku, ili mtoto asinase mguu na kutegua goti, hazimo katika hesabu.

Usinitajie Carlos Acosta, yule mchezaji nyota aliyeliaga jukwaa la Royal Ballet, kundi kubwa la baleti la hapa London, na mwaka 2020 akakabidhiwa kuongoza kundi zima la Birmingham Royal Ballet. Acosta ni mmoja, na sisi tuliosimama safu za nyuma ni wengi. Nilipokuwa katika kundi la baleti nilikuwa na mshahara wa kila mwezi na viatu vya kununuliwa, ingawa nilivipaka poda ya uso ili vilingane na ngozi yangu, maana kiwanda cha Freed cha hapa London kilianza kutoa vya kahawia mwaka 2018, wakati kifundo changu cha mguu kilikwisha kuanza kunikatalia. Wachezaji baleti wa Opera ya Paris hustaafu wakiwa na miaka 42 na kupata pensheni. Mimi mkataba uliisha, haukurudiwa, nikaanza kusomea ualimu, kwa kuwa miaka ya jukwaani haikuhesabiwa kuwa cheti.

Jambo ninalotaka ulielewe ni hili la saa. Shule za huku hufungwa mwishoni mwa Julai hadi mwanzoni mwa Septemba. Wazazi husafiri, ukumbi hufungwa, nami sipati hata senti, na ndipo ujumbe wako wa ada ya muhula wa tatu unapoingia. Januari nayo ina yake: tarehe 31 ndiyo mwisho wa sisi tuliojiajiri kuwasilisha hesabu na kulipa kodi, wakati huko mnanunua sare na vitabu. Sikulaumu kwa kuomba. Mimi ndiye niliyeondoka, mama akabaki mikononi mwako, na kila ninapokwambia sina, huwa najisikia kana kwamba ninamwambia mama.

Kuhusu binti, usimlete. Aanzie Nairobi, ambako walimu wa baleti wapo; Joel Kioko, mcheza baleti, alitoka mtaa wa mabanda wa Kuwinda, akafundishwa hapo hapo Nairobi, ndipo akaingia shule ya English National Ballet hapa London, kwa miguu yake na si kwa kuwa na shangazi Uingereza. Asiache hisabati hata kidogo, kwa sababu baleti itamwacha angali kijana. Lakini usingoje amalize shule ya msingi ndipo umpeleke, maana nyonga hukomaa mapema na baadaye hazikubali kufunguka. Akipata nafasi ya masomo huku, mwache aje, atalala kwangu. Wala usimwambie kwamba ninajuta, kwa kuwa wiki iliyopita mtoto wa miaka sita aliyekuwa akining'inia kwenye ubao wa kushikilia aliuachia, akasimama kwa mguu mmoja huku amenitolea macho, na sikukumbuka kutazama saa.

Paa lingoje. Ada nitatuma nusu mwishoni mwa Agosti, nusu ya pili madarasa yakifunguliwa, na ukikutana na huyo anayesema nina shule, mwombe akukopeshe iliyobaki, kwa vile anaijua mali yangu kuliko mimi.