Nyani wa Mara na usiku wa kwanza bwenini

Ndugu Mhariri,

Swali lenu la wiki linauliza: "Ukali wa binadamu kwa binadamu mwenzake, je, tunazaliwa nao kama wanyama au tunafundishwa?" Naomba niruhusiwe kujibu kwa kirefu, kwa kuwa nilifundisha baiolojia katika shule za sekondari za bweni kwa zaidi ya miaka 30, na swali hili lilizuka darasani karibu kila mwaka tulipofika kwenye mada ya tabia za wanyama. Kila mara darasa liligawanyika pande mbili zilezile. Wapo walioshikilia kwamba mtoto wa nyoka ni nyoka, na wapo waliowajibu kwamba mwana umleavyo ndivyo akuavyo. Methali zote mbili ni za wazee wetu na kila moja ina ukweli wake, lakini zote zinamtazama mtoto na wazazi wake tu. Kwa yale niliyosoma na niliyoyaona kwa macho yangu, jambo linaloamua zaidi ni namna kundi linavyompokea anayeingia ndani yake.

Nianze na Gombe, hifadhi ya sokwe nchini Tanzania, maana ndiko kila mtetezi wa methali ya nyoka hukimbilia, naye ana sababu. Mtafiti wa sokwe Jane Goodall alipofika huko Julai 1960, kando ya Ziwa Tanganyika kaskazini mwa mji wa Kigoma, sokwe walidhaniwa kuwa viumbe wapole wanaoishi kwa matunda na majani. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 jamii aliyokuwa akiifuatilia ikagawanyika: wengi walibaki bonde la Kasakela, na wachache wakajitenga kusini, bonde la Kahama. Januari 1974 madume wa Kasakela walivuka kwa kunyemelea, wakamkuta dume mmoja wa Kahama, aliyepewa jina la Godi, akila peke yake, wakamkamata na kumpiga hadi walipochoka. Hakuonekana tena. Hadi kufikia 1978 kundi la Kahama lilikuwa limefutika. Kinachoumiza katika kisa hiki ni kwamba waliouawa hawakuwa wageni kwa wauaji. Miaka michache nyuma walikuwa wamekula kwenye mti mmoja na kuchambuana manyoya.

Wapo wataalamu waliodai kwamba sokwe wale waliharibiwa na ndizi walizokuwa wakipewa na watafiti. Dai hilo lilipimwa vizuri mwaka 2014, watafiti wengi wakiongozwa na Michael Wilson walipokusanya kumbukumbu za jamii 18 za sokwe na jamii 4 za bonobo, ndugu wa karibu wa sokwe. Walihesabu mauaji 152 upande wa sokwe, mengine yaliyoshuhudiwa na mengine ya kukisiwa au kushukiwa, na hawakuona kwamba yalizidi pale ambapo binadamu wamewaingilia zaidi. Kwa hiyo nakubali bila kusita kwamba uwezo wa kuua umo ndani ya sokwe, na sioni sababu ya kujidanganya kwamba haumo ndani yetu. Hata hivyo, utafiti huohuo una mambo mawili ambayo watetezi wa methali ya nyoka huyapita haraka. La kwanza ni kwamba bonobo, wanaoishi kusini mwa Mto Kongo na walio ndugu zetu wa karibu sawasawa na sokwe, walihusishwa na kifo kimoja tu, nacho cha kushukiwa. La pili ni kwamba washambuliaji walimzidi mshambuliwa kwa wingi, kwa kawaida takriban wanane kwa mmoja. Hasira haihesabu watu kabla ya kupiga; sokwe wale walihesabu. Ukali wa namna hiyo hujitokeza pale mshambuliaji anapoona kwamba hatadhurika na hakuna atakayeingilia, na hali hiyo hutengenezwa na mpangilio wa jamii.

Mpangilio mbaya nao hutengenezwa. Mwaka 1925 bustani ya wanyama ya London ilikusanya nyani karibu 100, wengi mno wakiwa madume, wakamwagwa pamoja kwenye kilima kimoja cha mawe ya kujengwa bila kujuana wala kuwa na pa kukimbilia. Walipigana hadi kuuana, na mwaka 1927 walipoongezewa majike 30, wengi wa majike hao waliuawa katika kugombaniwa. Watu walitazama damu ile wakasema hiyo ndiyo asili ya nyani. Ilichukua miaka mingi kabla watafiti kama Thelma Rowell, aliyewafuata nyani wa Ishasha nchini Uganda katika miaka ya 1960, kuonyesha kwamba nyani walio huru msituni huishi kwa utulivu mkubwa zaidi.

Lakini kisa ninachotaka wasomaji wenzangu wakitafakari kwa makini ni cha Maasai Mara, nchini Kenya. Robert Sapolsky, mwanasayansi wa Marekani, alianza kuwafuatilia nyani wa huko mwishoni mwa miaka ya 1970 ili aelewe jinsi msongo wa mawazo unavyoudhoofisha mwili. Maisha ya kawaida ya nyani ni haya: jike hubaki katika kundi alilozaliwa hadi kufa, ilhali dume akibalehe huondoka na kwenda kuomba nafasi katika kundi la kigeni, ambako huanzia chini kabisa. Dume wa juu aliyeshindwa ugomvi humgeukia wa chini yake, naye humgeukia jike, na jike humgeukia mtoto. Kipigo hushuka ngazi kwa ngazi hadi kwa asiye na wa kumpiga. Damu ya walio chini, ilipopimwa, ilikuwa na homoni nyingi za msongo.

Kundi moja alilolifuatilia, lililoitwa Kundi la Msitu, lilikuwa jirani na kundi jingine lililojipatia makao karibu na jalala la hoteli ya watalii. Baadhi ya madume wa Kundi la Msitu walizoea kwenda jalalani kila asubuhi kupigania mabaki ya chakula. Haikuwa safari ya kila dume. Ilimhitaji aliye mkali wa kutosha kupambana na wenyeji wa jalala, na pia asiyejali kukosa saa za asubuhi, ambazo ndizo nyani hukaa pamoja na kuchambuana manyoya. Kati ya 1983 na 1986 nyama yenye kifua kikuu cha ng'ombe iliyotupwa pale iliwaua. Karibu nusu ya madume wazima wa Kundi la Msitu walikufa, na waliokufa walikuwa wale wakali wasiopenda kukaa na wenzao. Walisalia madume wapole, majike na watoto.

Kwamba kundi lilitulia baada ya hapo si ajabu. Ukiwaondoa wagomvi, ugomvi hupungua. Ajabu ilionekana kuanzia 1993, Sapolsky alipoanza kulifuatilia tena. Hapakuwa na dume hata mmoja aliyesalia tangu wakati wa ugonjwa. Madume wote waliokuwepo walikuwa wamezaliwa na kukulia katika makundi mengine, makundi ya kawaida yenye vipigo vya kawaida, na bado Kundi la Msitu lilikuwa tulivu kama lilivyoachwa. Madume bado waligombana na walio sawa nao kwa cheo, lakini waliwaonea kidogo sana walio chini kabisa, walikaa karibu na majike na kuchambuana nao manyoya kwa muda mrefu zaidi, na wale wa chini hawakuonyesha katika damu dalili za msongo zinazoonekana kwingine. Sapolsky na mwenzake Lisa Share walichapisha matokeo hayo mwaka 2004.

Nimekisoma kisa hiki mara nyingi, na kila mara nimejiuliza nani aliwafundisha wageni wale. Hapakuwa na jando wala mwalimu, na wao walikuwa wametoka katika malezi ya kawaida ya nyani. Maelezo ambayo watafiti waliyaona yana nguvu ni haya: majike wa kundi lile, kwa kuwa hawakuwa wakishushiwa vipigo ovyo, walikuwa watulivu, na kijana mgeni alipofika walimsogelea na kumchambua manyoya mapema kuliko majike wa makundi mengine. Mgeni aliyepokelewa hivyo hakuwa na haja ya kupigania kila kitu. Akatulia, na utulivu wake ukamfikia mgeni aliyekuja baada yake.

Kinyume chake kilionekana Pilanesberg, Afrika Kusini, ambako vijana wa tembo, mayatima wa tembo waliouawa kupunguza idadi, waliachiwa katika hifadhi isiyo na dume mzee hata mmoja. Kati ya 1992 na 1997 waliua zaidi ya vifaru weupe 40. Mwaka 1998 waliletwa madume sita wakubwa kutoka hifadhi ya Kruger, na mauaji yakakoma. Vijana walikuwa walewale.

Najua nitaambiwa kwamba mtu si nyani wala tembo, na onyo hilo ni la haki. Binadamu ana lugha, dini, sheria na historia. Ana uwezo wa kupanga mauaji ya watu asiowahi kuwaona, na uwezo wa kujikana kwa ajili ya watu asiowajua. Mwaka 1986 wanasayansi waliokutana Seville, Hispania, walitoa tamko, baadaye likapitishwa na UNESCO, kwamba si sahihi kisayansi kudai kuwa vita vimeandikwa katika asili yetu. Mimi siwatumii nyani kama ushahidi wa asili ya mtu. Nawatumia kujibu wale wanaosema kwamba tabia mbaya ya kundi zima haiwezi kubadilika ndani ya kizazi kimoja. Ikiwa nyani, asiye na lugha, ameweza, basi sisi tusijitetee kwa asili.

Nasema hivi kwa sababu nimekuwa pande zote mbili. Nilipoingia kidato cha kwanza nilikuwa na miaka 14, na usiku wa kwanza bwenini walikuja sita kitandani kwangu. Hawakuja mmoja. Walifungua sanduku langu la bati, wakala karanga na sukari aliyonifungia mama, kisha wakanipandisha juu ya meza niimbe wimbo wa kujitukana ambao kila njuka, yaani mwanafunzi mgeni, wa shule ile aliimbishwa. Mwaka mzima niliwafulia nguo na kuwachotea maji. Mwaka uliofuata nilikuwa miongoni mwa sita waliokwenda kwenye kitanda cha mtoto mwingine. Hakuna aliyenituma. Mtoto yule alilia kimya huku akizifua fulana zangu, nami nilimwona, na aibu yake sijaitua hadi leo.

Nilipokuwa mwalimu na nikapewa upatroni wa bweni, nilifanya kwanza kile ambacho wenzangu walifanya: tuliwachapa waonevu. Ilinichukua muda mrefu kuliko inavyostahili kuona kilichokuwa kikitokea. Tulipowachapa kidato cha tatu asubuhi, kidato cha kwanza walilipa usiku. Fimbo yetu ilikuwa imeingia kwenye ngazi ileile, ikishuka hadi kwa asiye na wa kumpiga, na sisi walimu tulisimama juu kabisa ya ngazi hiyo.

Ndipo nikamwomba mkuu wa shule turekebishe siku za kwanza za Januari. Kila njuka alipokelewa langoni na mwanafunzi mmoja wa kidato cha tatu aliyeitwa kaka yake, ambaye alimbebea sanduku, akamwonyesha kitanda kilicho karibu na chake, akala naye meza moja kwa muhula mzima, na ndiye aliyeulizwa kwanza mtoto yule alipodhurika. Sikuwachagua wapole peke yao. Niliwaweka hata wale niliowajua kuwa wakorofi, na baadhi yao walikuja kuwa walezi makini kuliko wote. Mwaka wa kwanza mambo yalikwenda kwa kusuasua na wengi walinung'unika kwamba wao waliteseka na sasa wanaambiwa wabembeleze. Wizi wa sukari haukuisha, na ngumi za wanafunzi wa rika moja ziliendelea kama zilivyo popote penye vijana. Ila kufulishwa nguo na kuamshwa usiku vilipungua, kisha vikakoma, hasa pale walipofika kidato cha tatu wale ambao wenyewe walikuwa wamepokelewa langoni.

Miaka kadhaa baadaye, nikiwa darasani nikieleza habari za nyani wa Mara, niliwauliza wanafunzi wa bweni lile kama wanaujua ule wimbo wa njuka. Walitazamana. Mmoja aliyekaa mbele, kiranja wa bweni, aliniomba niwaimbie angalau mstari mmoja wausikie. Niliukumbuka wote, neno kwa neno. Nikamwambia afungue daftari tuendelee na kipindi.